Kanda 45 za Apollo 11: jinsi picha asili za mwezini zilivyofutwa na nakala zake zilivyookolewa

Kila Julai vituo vya televisheni hurusha kipande kilekile: kivuli cha mtu akishuka ngazi, picha ya kijivu iliyojaa ukungu, na maneno "Picha: Maktaba" kwenye kona ya kioo. Wengi huamini kwamba ukungu ule ulitoka mwezini. Si kweli. Kamera ilituma picha safi kuliko ile, ikapokelewa duniani na kurekodiwa kwenye kanda. Kanda hizo zilikaa ghalani miaka kadhaa, kisha zikafutwa ili zirekodiwe mambo mengine. Kwa mtu anayefanya kazi na picha za maktaba, hakuna kisa kingine kinachoonyesha wazi hivi mahali ubora unapopotelea, nani anaupoteza, na kipi bado kinaweza kuokolewa.

Kwanza tutenganishe kilichopotea na kilichobaki, maana uvumi umevichanganya. Filamu za rangi za milimita 16 walizopiga wanaanga zipo. Picha za mnato za kamera za Hasselblad zipo. Matangazo ya televisheni yaliyotazamwa na watu wanaokadiriwa kuwa milioni 600 yapo pia, katika nakala kadhaa. Kilichopotea ni rekodi moja tu: mawimbi ya televisheni kama yalivyofika kwenye antena, kabla hayajageuzwa kuwa mfumo wa matangazo ya kawaida. Hiyo ndiyo iliyokuwa bora kuliko zote.

Safari ya picha

Neil Armstrong alikanyaga mwezi saa 11:56 alfajiri ya tarehe 21 Julai 1969 kwa saa za Afrika Mashariki. Kule Marekani ilikuwa bado usiku wa tarehe 20. Kamera iliyomwonyesha ilitengenezwa na Westinghouse, na haikufanya kazi kama kamera za studio. Chombo cha mwezini kilituma kila kitu, yaani sauti, mapigo ya moyo, vipimo vya mitambo na picha, kwa njia moja ya redio, na nafasi iliyobakia kwa ajili ya picha ilikuwa takriban kilohezi 500. Televisheni ya kawaida ya Marekani ilihitaji zaidi ya megahezi 4. Wahandisi wakapunguza mzigo: fremu 10 kwa sekunde badala ya 30, na mistari 320 kwa kila fremu badala ya 525. Picha ilikuwa ya polepole, lakini kila fremu moja ilikuwa na maelezo ya kutosha.

Vituo vitatu viliipokea. Goldstone huko California kilikuwa na antena ya mita 64, Honeysuckle Creek karibu na Canberra antena ya mita 26, na Parkes huko New South Wales darubini ya redio ya mita 64. Katika dakika za mwanzo Houston, kilipokuwa kituo cha kuongozea safari, ilibadilisha kati ya Goldstone na Honeysuckle Creek, na hatua yenyewe ya kwanza dunia iliiona kupitia Honeysuckle Creek. Kama dakika tisa baada ya matangazo kuanza, Parkes ilipata picha nzuri zaidi, na Houston ikabaki nayo hadi mwisho wa matembezi yaliyochukua takriban saa mbili na nusu.

Hapa ndipo mhariri anapaswa kutulia na kuhesabu hatua. Hakuna televisheni ya nyumbani iliyoweza kuonyesha fremu 10 za mistari 320, kwa hiyo ulihitajika mtambo wa kugeuza. Mtambo huo, uliotengenezwa na RCA, ulifanya jambo ambalo leo linashangaza: ulionyesha picha ya mwezini kwenye monita ya inchi 10, na kamera ya kawaida ya televisheni ikaipiga monita hiyo. Televisheni ya siku zile ilichora kila fremu kwa mikupuo miwili, mistari ya witiri kisha ya shufwa, na kila mkupuo ni nusu-fremu. Kamera ilinasa nusu-fremu moja kutoka kwenye monita, diski ya sumaku ikaihifadhi na kuirudia mara tano zaidi. Nusu-fremu sita zikajaza moja ya kumi ya sekunde, hadi picha mpya ilipofika.

Hatua hiyo moja ilileta hasara tatu. Ya kwanza ni maelezo ya wima, kwa sababu nusu-fremu ina nusu tu ya mistari. Ya pili ni mvuli: kioo cha monita na bomba la kamera havisahau picha iliyopita mara moja, ndiyo maana wanaanga wanaonekana kama mizuka inayopenyana na mandhari nyuma yao. Ya tatu, na ndiyo mbaya zaidi, ni ukali wa weusi na weupe. Aliyekaa kwenye mtambo alipaswa kuweka mwanga na ukali kwa mkono wakati matangazo yanaenda mbashara. Goldstone waliuzidisha ukali, na sehemu za kivulini, pale hasa Armstrong alipokuwa akishuka ngazi, zikawa weusi mtupu. Zaidi ya hapo, kamera ilikuwa imefungwa juu chini ubavuni mwa chombo, na mtambo ulikuwa na swichi ya kuigeuza picha. Ndiyo sababu sekunde za mwanzo za matangazo ziko kichwa chini. Baadhi ya nakala zinazouzwa leo zimenyooshwa kimyakimya, nyingine zimekatwa sehemu hiyo. Ukiwa na nakala inayoanza ikiwa wima moja kwa moja, jua kwamba mtu ameshaigusa kabla yako.

Baada ya kugeuzwa, picha ya Australia ilisafiri kwa minara ya maikrowevu hadi Sydney, ambako picha ya Parkes ndiyo kwanza iligeuzwa na ambako fundi alichagua kati ya Parkes na Honeysuckle Creek. Kutoka Sydney ilikwenda kituo cha setilaiti cha Moree, ikavuka Pasifiki kwa setilaiti ya Intelsat hadi Jamesburg, California, kisha kwa njia za ardhini hadi Houston, na Houston ikazipa televisheni kubwa za Marekani. Kila kituo njiani kiliongeza chembechembe na kulainisha kingo. Watazamaji wa Australia walipewa picha yao hapohapo Sydney, kwa hiyo waliona picha iliyopitia hatua chache kuliko Wamarekani. Jambo hilo lilikuja kuwa na uzito mkubwa miaka 40 baadaye.

Kilichokuwa kwenye kanda

Wakati huohuo kila kituo kilirekodi mawimbi yote yaliyotoka mwezini kwenye mashine za kurekodia data. Kanda yake ilikuwa ya upana wa inchi 1, yenye njia 14 sambamba, kwenye gurudumu la inchi 14, ikikimbia inchi 120 kwa sekunde. Kwa kasi hiyo gurudumu la futi 9,200 huisha kwa dakika 15 na sekunde chache. Njia moja kati ya zile 14 ilibeba picha ya fremu 10 na mistari 320, safi, kabla ya monita na kabla ya setilaiti. Njia nyingine zilibeba vipimo na sauti. Kwa matembezi yote ya mwezini, takriban kanda 45 ndizo zilizobeba picha hiyo.

Kazi ya rekodi hiyo ilikuwa ya dharura tu: kama mawasiliano kati ya vituo na Houston yangekatika, picha ingekuwapo mahali fulani. Mawasiliano hayakukatika. Dunia iliona, vituo vya televisheni vilirekodi, na kuanzia dakika ile rekodi ya dharura haikuwa na kazi tena machoni pa waliohusika nayo. Kanda ziliingizwa katika masanduku pamoja na maelfu ya kanda nyingine za vipimo, zikapelekwa kituo cha NASA cha Goddard huko Maryland, na kutoka hapo zikaenda kutunzwa katika ghala la nyaraka la serikali huko Suitland.

Sababu ya yote yaliyofuata iko kwenye lebo. Sanduku liliorodheshwa kama data ya vipimo. Hakuna daftari lililoeleza kwamba njia mojawapo ya kanda hizi ni picha jongefu isiyopatikana kwingine. Wahandisi wa televisheni walilijua hilo, lakini wao hawakuwa watunza ghala. Watunza ghala walijua namba za masanduku, nao hawakuwa watu wa televisheni. Nani angempigia mwenzake simu?

Katika miaka ya 1970 na mwanzoni mwa miaka ya 1980, NASA ilikabiliwa na uhaba wa kanda. Setilaiti za Landsat zilimwaga data kwa wingi, na kanda mpya za wakati huo zilikuwa na matatizo ya ubora. Kanda za zamani zilikuwa imara. Ghala la Suitland lilikuwa limepokea zaidi ya masanduku 2,600 ya kanda za enzi ya Apollo, na yote isipokuwa mawili yalirudishwa Goddard. Kanda zipatazo 200,000 zilipitishwa kwenye kifuta-sumaku na kurekodiwa upya. Uchunguzi wa NASA uliotolewa mwaka 2009 ulihitimisha kwamba zile 45 zilikuwa miongoni mwao.

Kuwalaumu waliofuta ni rahisi mno, na hakumsaidii mtu yeyote aliye na rafu ya kanda leo. Kufuta kanda na kuitumia tena ilikuwa desturi ya kila chumba cha televisheni duniani, kwa sababu kanda ilikuwa ghali kuliko kipindi kilichomo. BBC ilipoteza matangazo yake ya studio ya usiku uleule wa Apollo 11 kwa njia hiyohiyo. Kanda za U-matic na Betacam zilizojaa katika stoo za vituo vingi zimewahi kurekodiwa zaidi ya mara moja, na mara nyingi lebo ya sanduku hueleza rekodi ya kwanza wakati kilichomo ndani ni ya tatu. Dawa yake ni ya kazi ya mikono: fungua sanduku, linganisha namba ya sanduku na namba ya kanda yenyewe, cheza sekunde 30 za mwanzo, 30 za katikati na 30 za mwisho, na uandike ulichokiona. Kipande cha rekodi ya zamani hubaki mara kwa mara baada ya rekodi mpya kuisha, kwa hiyo usisimame pale taarifa ya habari inapomalizika. Wacha kanda iende hadi ukingoni.

Waliotafuta

Dalili ya kwanza kwamba picha bora iliwahi kuwapo ilitoka kwenye picha za mnato. Mafundi vituoni walikuwa wamepiga picha vioo vya monita zao kabla ya hatua ya kugeuza, na katika picha hizo sura ya chombo na mikunjo ya vazi la mwanaanga ilionekana wazi kuliko katika kipande chochote cha matangazo. Huko Honeysuckle Creek, Ed von Renouard, aliyesimamia mtambo wa kugeuza, alipiga monita yake kwa kamera ndogo ya Super 8. Filamu ya Super 8 ni nyembamba na ina chembe nyingi, lakini yake ilikuwa hatua moja tu kutoka kwenye chanzo. Wakati mwingine kamera duni iliyosimama karibu hushinda kamera bora iliyosimama mbali.

John Sarkissian wa Parkes, Stan Lebar aliyeongoza utengenezaji wa kamera ya mwezini kule Westinghouse, Dick Nafzger wa Goddard na wenzao walilinganisha picha hizo na matangazo, wakaanza kufuatilia kanda ziliko. Mwaka 2006 suala lilifika magazetini na NASA ikaanzisha msako rasmi. Walikuwa wakikimbizana na saa nyingine pia: maabara ya Goddard iliyokuwa na mashine za mwisho zinazojulikana za kuchezea kanda za aina ile ilikuwa imepangiwa kufungwa mwaka huohuo. Kanda ingepatikana bila mashine, wangebaki na gurudumu la plastiki na kutu ya chuma.

Namna walivyotafuta inafaa kuigwa na mtafutaji yeyote wa picha. Hawakuanza na swali "kanda ziko wapi", swali ambalo ghala lilikuwa limeshindwa kulijibu. Walianza na swali la ni nani wote waliopokea mawimbi haya na kwa chombo gani waliyarekodi, kisha wakafuata mnyororo hatua kwa hatua: antena, mtambo, mnara, Sydney, setilaiti, Houston, televisheni. Katika kila hatua waliuliza kama kulikuwa na mashine ya kurekodi. Ndivyo ilivyogundulika kwamba, ingawa chanzo kimepotea, nakala zilizokaribia chanzo zilikuwepo mahali ambapo hapakuwa na mtu aliyefikiria kuuliza.

Nakala tatu na ukarabati wa 2009

Zilizoonekana bora zilitoka sehemu tatu. Ya kwanza ni nakala ya kanda iliyorekodiwa Sydney, kabla ya setilaiti. Ya pili ni kanda za matangazo katika maktaba ya CBS, televisheni ya Marekani, zilizorekodiwa kutoka kwenye njia iliyotoka Houston moja kwa moja. Ya tatu ni filamu za kineskopu zilizokaa ghalani Houston miaka 36 bila kutazamwa. Kineskopu ni filamu iliyopigwa kwa kuielekeza kamera ya sinema kwenye kioo cha televisheni. Ina matatizo yake yanayojulikana: fremu 30 za video hulazimishwa ziingie katika 24 za filamu, kingo za picha hupinda kufuata umbo la kioo, na chembe za filamu huongezeka juu ya chembe za video. Faida yake ni kwamba filamu hudumu na haiwezi kufutwa kwa sumaku.

Kampuni ya Lowry Digital ya Burbank, California, ilipewa kazi ya ukarabati kwa gharama ya takriban dola 230,000, na vipande vya kwanza vilionyeshwa Julai 2009. Kanuni waliyoifuata ni ya kuchagua kwa kila sehemu nakala iliyo bora hapo, badala ya kuchukua nakala moja tangu mwanzo hadi mwisho. Nakala moja inaweza kuwa na weusi mzuri na kingo mbovu. Nyingine kinyume chake.

Yule mtambo wa kugeuza, uliofanya uharibifu wote, uliacha pia mlango mdogo wa kutokea. Kwa kuwa kila picha ya mwezini ilirudiwa nusu-fremu sita, chembechembe zilizoongezwa baada ya hapo, kwenye maikrowevu, setilaiti na kanda, ni tofauti katika kila mojawapo ya zile sita, ilhali picha ni ileile. Ukizipanga na kuchukua wastani wake, chembe hizo hupungua kwa takriban mara mbili na nusu (kipeuo cha pili cha sita), na picha haipotezi kitu. Makosa yaliyotokea kabla ya kurudiwa, kama mvuli wa monita, hayaondoki kwa hesabu hiyo, kwa sababu yamo katika zote sita. Vivyo hivyo weusi uliokatwa. Pale Goldstone walipozidisha ukali, hakuna kitu chini ya weusi ule, na kupandisha mwanga kwenye meza ya kurekebishia rangi kutakupa kijivu kitupu chenye chembe.

Programu za leo za kukuza picha kwa akili mnemba zitakupa nyuzi za viatu na mishono ya glavu ukizitaka. Hazikuwapo katika mawimbi ya mistari 320. Zimebuniwa kutokana na picha nyingine ambazo programu ilizisoma. Kwenye tangazo la biashara huenda haijalishi. Kwenye makala ya historia ni kuingiza ushahidi wa uongo, na msimamo wetu ni kwamba kipande cha namna hiyo kisirushwe bila maandishi ya kulieleza hilo yanayoonekana wazi kwenye kioo kwa muda wote kipo hewani.

Kanda za mnada

Mwaka 2019 kulizuka mkanganyiko mpya. Mtu aliyewahi kuwa mwanafunzi wa mafunzo kazini NASA alikuwa amenunua mwaka 1976, kwenye mnada wa mali chakavu za serikali, kanda zaidi ya 1,100 kwa dola 217.77. Tatu kati ya hizo, za inchi 2, zilikuwa na matembezi ya Apollo 11. Zikauzwa kwenye nyumba ya mnada ya Sotheby's tarehe 20 Julai 2019 kwa dola milioni 1.82, na vichwa vya habari vikatangaza kwamba kanda zilizopotea zimepatikana.

Hazikuwa hizo. Aina ya kanda pekee inatoa jibu. Kanda ya inchi 2 ni ya mashine ya matangazo, inarekodi mfumo wa mistari 525. Picha ya mistari 320 haiingii humo kabla ya kugeuzwa. Zilikuwa rekodi nzuri za Houston, kizazi (yaani hatua ya kunakiliwa) cha karibu na chanzo kuliko nakala nyingi, lakini zilikuwa upande wa pili wa mtambo. NASA nayo ilieleza kwamba hazina kitu ambacho haikuwa nacho. Anayeuza picha za maktaba anapokuambia "asili", muulize upana wa kanda, mfumo wake, na mashine iliyoirekodi. Ikiwa jibu halioani na hatua unayoambiwa, umeshajua unachouziwa.

Kipande kinapofika kwenye meza ya uhariri

Makosa mengi ya Apollo 11 tunayoyaona hewani hayakufanywa 1969. Yanafanywa kwenye kompyuta ya mhariri, na karibu yote yanaepukika.

Omba faili yenye mistari iliyopishana kama ilivyo, yaani yenye nusu-fremu zake zote, ya ProRes 422 HQ (aina ya faili inayobanwa kidogo tu) au isiyobanwa ya biti 10, na uikatae ile ya H.264 (aina inayobanwa sana) iliyokwisha kulainishwa. Unapoitenganisha, anza na nusu-fremu, usianze na fremu. Mpaka kati ya picha moja ya mwezini na inayofuata unaweza kuangukia katikati ya fremu ya video, na hapo nusu-fremu mbili za fremu moja ni za picha mbili tofauti. Ukichukua fremu nzima utaona meno ya msumeno kwenye mkono wa mwanaanga. Ukizitenganisha kwanza, utaziona zile sita zikijirudia, na utajua pa kukata.

Sisi Afrika Mashariki tunarusha fremu 25 kwa sekunde. Picha halisi ni 10 kwa sekunde, kwa hiyo kila moja hukaa fremu mbili na nusu. Mpangilio safi ni tatu, mbili, tatu, mbili. Kwa kazi ya sinema ya fremu 24, picha tano hugawana fremu 12: mbili, mbili, tatu, mbili, tatu. Programu ya uhariri itakuuliza jinsi ya kubadilisha kasi ya fremu, na chaguo lake la awali huwa mara nyingi kuchanganya fremu jirani au kukisia mwendo wa kati. Zima yote mawili. Kuchanganya kunaongeza mvuli juu ya mvuli uliopo, na kukisia kunamfanya Armstrong aelee kama katuni. Mwendo wa kukatikakatika ndio mwendo wa kweli wa kamera ile.

Umbo la picha ni 4 kwa 3. Kuivuta ijaze kioo cha 16 kwa 9 kunamnenepesha mtu, na kuikata juu na chini kunaondoa robo ya picha ambayo tayari ni haba. Acha nguzo nyeusi pembeni.

Filamu ya milimita 16 iliyopigwa kutoka dirishani mwa chombo ina mtego wake. Kamera ile ilikuwa na kasi za fremu 1, 6, 12 na 24 kwa sekunde. Kipande cha fremu 6 kikichezwa kwa 25, wanaanga hukimbia zaidi ya mara nne ya mwendo wao. Kirudishe kwa kuipa kila fremu nafasi nne, na kila ya sita nafasi tano. Lakini uliza kwanza kama aliyeskani ameshafanya hivyo, maana ukirudia utapata mwendo wa kinyonga.

Sauti huharibiwa kwa ukimya zaidi. Mawimbi huchukua takriban sekunde 1.3 kutoka duniani hadi mwezini. Katika rekodi ya Houston, swali likishaulizwa, jibu haliwezi kusikika kabla ya sekunde 2.6. Mhariri anayebana pengo hilo ili mazungumzo yachangamke ameusogeza mwezi karibu na Houston, na wapo watazamaji watakaoona. Angalia pia kama sauti imetoka chanzo kingine tofauti na picha: fremu 30 na fremu 29.97 zinaachana sekunde 3.6 kila saa moja, na kwenye matembezi haya utakuwa umeteleza sekunde tisa kufikia mwisho.

Ruhusa

Picha zilizotengenezwa na NASA kwa kawaida hazina hakimiliki nchini Marekani, na hapo ndipo watayarishaji wengi wanapoacha kusoma. Nembo ya NASA ina masharti yake. Sura ya mwanaanga haitumiki kutangaza bidhaa bila ridhaa. Na kubwa zaidi, kipande ulichopakua chenye sauti ya mtangazaji wa CBS, maandishi ya kituo au picha ya studio katikati ni mali ya kituo hicho, hata kama picha ya mwezi iliyomo ni ya umma. Ukitaka cha bure, chukua kutoka hifadhi ya NASA yenyewe. Ukitaka cha kituo, nunua kwa sekunde au dakika, na uhakikishe mkataba unataja nchi, muda, na kama matumizi ya mtandaoni yamo. Omba sekunde tano za ziada kila upande wa kipande, maana mhariri wako atazihitaji.

Kisha andika daftari la vipande siku ileile faili linapofika. Safu zinazotosha ni hizi: namba ya kanda au faili kwa mwenye hifadhi, chanzo cha mawimbi (Goldstone, Honeysuckle Creek au Parkes), mahali iliporekodiwa, aina ya kanda au filamu, kizazi kwa kadiri kinavyojulikana, kasi ya fremu ya asili na ya faili, taimukodi (saa, dakika, sekunde na fremu) ya kuingia na kutoka, kila kilichobadilishwa na aliyekibadilisha, na mwenye haki. Kwa sekunde 40 za Armstrong ngazini, safu hizo hujazwa kwa robo saa. Safu ya chanzo ikibaki tupu, mrudishie muuzaji faili lake na umwombe aijaze yeye kabla hujalipa.